Dume alikuwa rangi ya kutu miaka miwili, mwaka huu kaja mweupe. Ni yuleyule?

#1 MwanaKibwezi
Wakuu, habari. Nina jambo limenikaa kichwani tangu mvua za Novemba zianze, nimeona nilete humu kwa wenye macho.

Nyuma ya nyumba, hapa Kibwezi, Kenya, kuna kijito ambacho sehemu kubwa ya mwaka ni mchanga mtupu, lakini miti ya kando yake haikauki: mikuyu miwili, migunga na mkwaju mmoja mzito. Kila msimu wa mvua jozi moja ya ndege hujenga kwenye tawi lilelile la mkuyu, tawi jembamba linaloning'inia juu ya maji. Sina jina la Kiswahili ambalo kila mtu humu atalitambua, kwa hiyo kwenye uzi huu nitamwita Mkia-Utepe. Kitaalamu ni Terpsiphone viridis. Kichwa cheusi chenye mng'ao wa buluu, kishungi kifupi, mdomo wa buluu, na pete ya buluu kuzunguka jicho kana kwamba kapakwa wanja. Kifua kijivu. Ni mdogo, gramu 15 hivi, ila dume ana manyoya mawili ya katikati ya mkia ambayo huweza kuuzidi mwili wake kwa urefu.

Sasa swali. Mwaka juzi dume alikuwa mwekundu wa kutu mgongoni na kwenye mkia wake mrefu. Mwaka jana vilevile. Mwaka huu, tawi lilelile, dume ni mweupe pepepe. Mgongo mweupe, mabawa meupe yenye michirizi myeusi, mkia mweupe unaopepea nyuma yake. Kichwa tu ndicho kimebaki cheusi.

Je, ni yuleyule amebadilika, au ni mwingine kachukua mti na mke?

#2 Fundi_Darubini
Ni yuleyule. Amezeeka. Wekundu ni madume vijana, weupe ni wazee. Nimesikia hivyo tangu nianze kushika darubini.

#3 KijanaWaKilima
Mkuu huyo si fumbwe kweli? Fumbwe naye ana mkia mrefu kuliko mwili, na dume hubadilika kabisa msimu wa kuzaana ukifika.

#4 Mwl_Viumbe
@KijanaWaKilima hapana, ingawa nakuelewa ulikopita. Fumbwe ni mla mbegu, utamkuta chini kwenye nyasi, mdomo wake mfupi na mnene. Tena fumbwe hajengi kiota, hutaga kwenye viota vya ndege wengine. Huyu wa #1 ni mla wadudu, haishi kuruka kutoka tawi hadi tawi, na kiota anajenga mwenyewe. Angalia mdomo: mpana kwenye shina, bapa, na pembeni kuna vinywele vigumu.

Kuhusu #2, nisingekuwa na haraka hivyo. Hoja ya uzee ipo kweli, lakini ina mashimo. Nitarudi jioni.

#5 KijanaWaKilima
Shukrani mwalimu. Basi niulize lingine: mbona jibu lisiwe rahisi tu, kwamba mweupe ni dume na mwekundu ni jike? Labda miaka miwili iliyopita mwenye uzi alikuwa anamwona jike.

#6 BibiMaua
Mwanangu, mwenye uzi kasema yule mwekundu alikuwa na mkia mrefu. Jike hana mkia huo. Jike ana mkia wa kawaida, kichwa chake hakina mng'ao sana, na siku zote ni wa rangi ya kutu. Sijapata kuona jike mweupe, na nimewatazama miaka mingi sana.

Nilikaa nao karibu msimu mmoja mzima, kiota kikiwa mkono mmoja tu kutoka dirisha la jiko. Nieleze nilichokiona, maana watu wengi huwaona wakipita tu.

Jike alikuja na utando wa buibui umemzunguka mdomo kama ndevu. Akatua kwenye panda ya tawi, akaufuta ule utando kwenye gome, upande huu, upande ule, ukanata. Akaenda, akarudi na uzi wa gome lililokauka, akaupachika juu ya utando. Akafanya hivyo tangu asubuhi mpaka jua likawa kali. Siku ya tatu kulikuwa na kikombe, na hapo akaanza kukaa ndani, anakandamiza kwa kifua huku anazunguka, mkia umesimama juu. Kilipokamilika hakikuzidi kikombe cha kahawa. Mwishowe akaleta vile vigaga vya kijivu vinavyoota kwenye magome, akavibandika nje, kiota kikafanana na kinundu cha mti. Mgeni akija nilikuwa namwonyesha kwa kidole, na bado hakioni.

Mayai yalikuwa 2, rangi ya maziwa, yenye madoa mekundu upande mnene. Na dume hulalia pia! Hapo ndipo penye kupendeza. Jike akiondoka, dume anaingia, na mkia wote unabaki nje ya kiota, unaning'inia. Upepo ukivuma unapepea. Nilikuwa najiuliza kwa nini akifiche kiota kwa ustadi wote ule halafu apeperushe bendera.

#7 KijanaWaKilima
Shikamoo bibi. Nimekubali.

#8 BibiMaua
Marahaba mwanangu.

#9 TaboraMiombo
Mimi niko kwenye miombo, Tabora. Mkia-Utepe tunao, na ni wekundu wote. Sijawahi kuona mweupe hata mmoja kwa macho yangu. Kama hoja ya #2 ni sahihi, ina maana huku kwetu hakuna ndege anayezeeka?

Naona huyo wa Kibwezi ni mgeni. Hawa ndege wanahama. Wale wa kusini kabisa mwa Afrika hutoweka baridi ikikaribia, Aprili hivi, na kurudi Septemba. Huenda huyo mweupe kapita tu akapapenda.

#10 KisimaChaNyika
@TaboraMiombo kuhama wanahama, ila hesabu yako inakwenda kinyume. Hao wa kusini ni wekundu. Weupe wako huku kwetu, upande mkavu wa mashariki mwa Kenya. Niko Voi. Nikienda kwenye miti ya kando ya mto asubuhi moja, madume wenye mikia mirefu nitakaowaona, weupe si ajabu hata kidogo. Kwa hiyo mweupe Kibwezi hahitaji kuwa ametoka mbali. Kibwezi na Tsavo, hii mbuga ya huku kwetu, ni jirani.

Jibu langu kwa swali la kwanza: ni dume mwingine. Yule mwekundu amekufa, au ameshindwa vita. Eneo zuri halikai bila mwenyewe.

#11 Fundi_Darubini
Nimerudi. Mnanisakama, lakini sikuitoa hoja mfukoni. Huko India kuna ndugu yake wa karibu sana, Terpsiphone paradisi. Dume wake naye yuko mwekundu na yuko mweupe, na watazamaji wa zamani waliona kwamba madume huanza wekundu wenye mkia mfupi, kisha mkia unarefuka, kisha weupe unaingia. Vitabu vingi vikaandika hivyo. Ndugu wawili, tabia moja. Sioni kosa langu liko wapi.

Na Sri Lanka wamewapa majina kabisa: mwekundu ni mwizi wa moto, mweupe ni mwizi wa pamba. Ukimwona anakatiza kati ya miti na mkia ule nyuma, ni kweli kama mtu anakimbia na kitu kilichoibwa.

#12 Mwl_Viumbe
Fundi, umenisaidia pasipo kujua. Sri Lanka hiyohiyo ndiyo inayoivunja hoja yako. Wale wakazi wa kudumu wa kisiwani ni wekundu tu, madume wote, hata wakiishi vipi. Weupe ni wageni wanaoshuka kutoka India wakati wa baridi ya kaskazini. Ingekuwa ni umri peke yake, wenyeji nao wangepauka.

Kisha nenda Madagaska. Huko kuna Terpsiphone mutata, na huyo amechunguzwa kwa makini zaidi kuliko wa kwetu. Madume wote huanza na rangi ya kutu, wanafanana na majike. Baadaye njia zinaachana: wengine wanakomaa wakiwa wekundu wenye mkia mrefu, wengine wanakomaa wakiwa weupe wenye mkia mrefu. Wote ni watu wazima. Wote wanaoa. Wako msitu mmoja.

Kwa hiyo umri una sehemu yake, lakini si wote wanaofuata njia ile. Kitu kingine ndicho kinaamua nani atafika kwenye weupe. Mimi naamini ni jeni.

#13 KisimaChaNyika
Hapo mwalimu umemrudisha dume wa #1 uwanjani. Ikiwa wanaanza wekundu halafu baadhi wanakuwa weupe, basi anaweza kuwa yuleyule.

#14 Mwl_Viumbe
Anaweza, ikiwa wa kwetu wanafuata njia ya wale wa Madagaska. Lakini soma tena #1. Alisema dume mwekundu alikuwa na mkia mrefu tayari, miaka miwili mfululizo. Huyo alikuwa amekwisha komaa. Ndiyo maana naegemea kwa KisimaChaNyika: wamebadilishana.

#15 MwanaKibwezi
Nathibitisha, mkia ulikuwa mrefu miaka yote miwili. Mwaka jana ulikatika upande mmoja mwishoni mwa msimu, ukabaki unyoya mmoja.

#16 MchoraNdege
Naomba niingie kwa upande wa rangi, maana hiyo ndiyo kazi yangu.

Kwanza, yeyote atakayefikiria ualbino aiondoe fikra hiyo. Kichwa ni cheusi ti, jicho ni jeusi, mdomo ni wa buluu uleule. Kilichobadilika ni sehemu za kutu tu. Ile rangi ya kutu ni aina moja ya melanini, yaani rangi inayotengenezwa na mwili, na nyeusi ya kichwani ni aina nyingine. Kwa ndege mweupe ile ya kwanza haiwekwi kwenye unyoya, ya pili inaendelea kuwekwa kama kawaida. Ni kama fundi aliyeambiwa apake chumba kimoja na kuacha kingine, wala hakukosea hata mstari.

Pili, unyoya ukishaota ni kitu kilichokufa, kama ukucha. Hauwezi kugeuka kutoka kutu hadi nyeupe ukiwa umeshikilia mwilini. Ndege lazima aupukutishe, aote mwingine. Hawa hubadili manyoya baada ya kuzaana, na madume huangusha hata ule mkia. Kwa hiyo kama ni yuleyule, mabadiliko yalitokea katika ile miezi ambayo mwenye uzi hakuwa anamwona vizuri.

Tatu, na hili ndilo linalonikosesha usingizi: wapo wa katikati. Nimechora mmoja aliyekuwa na mgongo wa kutu, mkia wa kutu, na bawa lenye bamba kubwa jeupe.

#17 Fundi_Darubini
Huyo wa bamba jeupe ni nini basi, kama si ndege aliye njiani kwenda weupe? Naomba nijibiwe.

#18 MchoraNdege
Anaweza kuwa njiani. Anaweza pia kuwa ndivyo alivyo maisha yake yote, mchanganyiko wa mama na baba. Picha moja haisemi. Ningemwona mwaka uliofuata ningekujibu, lakini sikumwona.

#19 Mtulivu77
Jua je? Nguo nyekundu ukiianika kila siku inapauka. Nyika ya Voi jua ni kali, miombo ina kivuli. Mbona mnazunguka mbali?

#20 MchoraNdege
Manyoya hupauka juani kweli, lakini kutu iliyopauka inakuwa kutu hafifu, rangi ya mchanga. Haiwi nyeupe ya maziwa yenye ukingo mweusi safi kwenye kila unyoya wa bawa. Na wangepauka wote, majike pia.

#21 Mtulivu77
Chakula? Kuna ndege hupata rangi kwenye chakula. Heroe ni mfano, asipopata chakula chake anafifia.

#22 MchoraNdege
Heroe, sawa kabisa. Ile pinki inatoka kwenye anachokula. Ila melanini mwili unaitengeneza wenyewe, haingoji mlo. Mfano mzuri, ndege siye.

#23 Daktari_wa_Miti
Mtulivu77 hakukosea sana kutaja ukame na kivuli. Kuna kanuni ya zamani kwenye elimu ya viumbe inayosema wanyama wa sehemu zenye unyevu huelekea kuwa na rangi nzito, na wa sehemu kavu huelekea kuwa hafifu. Inaitwa kanuni ya Gloger, kwa jina la Constantin Gloger aliyeandika juu ya jambo hilo mwaka 1833. Sasa unganisheni: miombo ya Tabora wekundu, nyika ya Voi weupe wengi.

Na kuna jambo limenifurahisha nilipolikumbuka. Ni Gloger huyohuyo aliyetunga jina Terpsiphone, mwaka 1827. Maana yake kwa Kigiriki ni kama "furaha ya sauti". Ndege aliyempa jina akaja kuwa mfano wa kanuni yake.

#24 TaboraMiombo
Hiyo nimeielewa kuliko zote. Ila viridis si "kijani"? Kijani kiko wapi kwa ndege huyu?

#25 Daktari_wa_Miti
Viridis alipewa na Müller mwaka 1776. Mtazame kichwa jua likimpiga upande, ule mng'ao wa buluu unaegemea kijani. Nadhani ndicho alichokiona kwenye ndege mkavu mezani.

#26 BibiMaua
Furaha ya sauti? Mimi ninayemjua, sauti ya kila siku ni ya kukoroma, "zwii-zwee", kama mtu anakukaripia. Ila asubuhi na mapema dume ana wimbo mwingine, mfupi, unaoteremka kama maji yanamiminwa kwenye mtungi. Labda Gloger alisikia huo.

#27 Mwl_Viumbe
Kanuni ya Gloger ni nzuri kwa ramani kubwa, lakini haijibu uzi huu. Kibwezi mkuyu ni mmoja, kijito ni kimoja, mvua ni ileile. Mwekundu na mweupe wamepishana mwaka mmoja tu. Na Madagaska wako msitu mmoja pamoja. Hali ya hewa inaweza kusema kwa nini weupe ni wengi mahali fulani, haisemi kwa nini huyu ni mweupe na jirani yake mwekundu.

#28 Daktari_wa_Miti
Sikatai. Lakini na wewe ukisema "jeni" hujasema kwa nini jeni hizo zote mbili zinaendelea kuwepo. Kwa nini moja haikuishinda nyingine? Lazima kila rangi ina faida yake mahali fulani au wakati fulani.

#29 KisimaChaNyika
Faida naiona kwa macho. Kwenye nyika iliyo wazi, mweupe akiruka unamwona kutoka mbali mno. Jike anamwona, na dume jirani anajua mti una mwenyewe. Kwenye kivuli kizito mwekundu anatosha.

#30 BibiMaua
Na mwewe je? Mwewe haoni?

#31 KisimaChaNyika
Bibi hapo umenishika. Sina jibu.

#32 Msafiri_wa_Visiwa
Nimesoma kimya tangu mwanzo, sasa niwapeleke Shelisheli. Huko kuna ndugu yao, Terpsiphone corvina, ambaye dume si mwekundu wala mweupe. Ni mweusi wote, mng'ao wa buluu kuanzia kichwa hadi ncha ya mkia. Wenyeji humwita mjane kwa sababu ya hilo vazi. Jike ana mgongo wa kutu, kichwa cheusi na tumbo jeupe, ungemwona ungesema ni wa Kibwezi.

Nilikwenda kisiwa cha La Digue kwa ajili yake. Anaishi kwenye miti mikubwa ya mikungu na mitondoo, ileile tunayoijua pwani. Nilisimama chini ya mkungu nusu saa, nikamsikia kabla ya kumwona, kisha kitu cheusi kikashuka, kikanyakua mdudu chini ya jani na kupotea. Jike hutaga yai 1 tu. Kwa miaka mingi karibu wote duniani walikuwa kwenye kisiwa hicho kimoja, moto au ugonjwa ungewamaliza. Mwaka 2008 walihamishwa 23 kwenda kisiwa cha Denis, wakashika, wakazaana. Mwaka 2020 wakashushwa kutoka daraja la walio hatarini kabisa hadi daraja la walio dhaifu tu.

Ninachotaka kusema: majike wa ukoo huu wanafanana karibu kila mahali. Madume ndio wanaokwenda huku na huku, kutu, weupe, weusi. Hiyo kwangu inaelekeza kwa majike. Wao ndio wanaochagua, na kila mahali wamechagua chao.

#33 MchoraNdege
Hili la majike kufanana sikuwa nimeliwaza. Nimepitia michoro yangu usiku huu, ni kweli.

#34 Daktari_wa_Miti
Kisiwani kuna sababu nyingine pia. Wakianza wachache, rangi yoyote waliyokuja nayo hao wachache inaweza kuenea kwa bahati, bila jike kuchagua chochote. Tusimpe jike sifa zote.

#35 BibiMaua
Mpe tu, baba. Kiota kajenga yeye.

#36 KijanaWaKilima
Hahaha bibi! Swali la pembeni jamani: mwalimu alitaja vinywele pembeni mwa mdomo kwenye #4. Ni vya kukusanyia wadudu kama wavu?

#37 Mwl_Viumbe
Wengi waliamini hivyo zamani. Lakini waliopiga picha za haraka za ndege wengine wanaokamata wadudu hewani waliona mdudu anakamatwa kwa ncha ya mdomo, hafiki kwenye vinywele. Na walipojaribu kuviondoa, ndege waliendelea kukamata kama kawaida. Dalili zinaelekea kwenye kulinda macho. Fikiria unaruka kwa kasi kumkuta nondo mwenye mabawa ya vumbi, jicho linahitaji ngao.

Na la pembeni zaidi: huyu hana udugu wa karibu na wakamata-nzi wengi anaofanana nao. Yuko kwenye ukoo mkubwa mmoja na mramba na kunguru.

#38 TaboraMiombo
Kunguru? Huyu mwenye utepe?

#39 Mwl_Viumbe
Kunguru huyohuyo. Binamu wa mbali.

#40 KisimaChaNyika
Ukali wao nauamini basi. Nimeona Mkia-Utepe mwenye makinda akimfukuza mramba mzima mpaka ng'ambo ya mto, na mramba naye si mtu wa mchezo. Ila kumbikumbi wakitoka baada ya mvua nimewaona wote wawili kwenye mti mmoja, kila mtu na upande wake, hakuna ugomvi.

#41 Asali_Mbichi
Mimi nilikuwa na jozi yangu, na naandika kwa uchungu. Walikuja watu kusafisha njia ya nyaya za umeme. Niliwaonyesha tawi, nikawaomba wangoje wiki mbili tu, makinda yalikuwa yameanza kuota manyoya. Wakasema sawa. Nilipotoka mchana nikarudi jioni, tawi lilikuwa chini, na kiota kimelala kifudifudi kwenye majani. Dume alikuwa mwekundu. Alikaa kwenye waya, juu ya pale palipokuwa na tawi, na mdudu mdomoni. Alikaa na mdudu huyo mpaka giza.

Sijui alikuwa na umri gani wala jeni gani. Nawaombeni, mkiona kiota kwenye njia ya kukatwa, msiondoke hapo.

#42 BibiMaua
Pole sana mama.

#43 MwanaKibwezi
Pole sana @Asali_Mbichi. Kesho naongea na jirani juu ya ule mkuyu.

Nilete habari za huku. Mayai yameanguliwa, makinda ni 2. Jana niliwatazama saa nzima. Mweupe alileta nondo mkubwa wa kahawia, akampiga kwenye tawi mara nne, mabawa yakaanguka kwenye maji, ndipo akampa kinda mwili. Jike analeta vidogovidogo lakini anakuja mara nyingi zaidi.

Na kuna kitu nataka macho yenu. Mweupe ana kovu au nini, kidole kimoja cha mguu wa kushoto kimepinda nje. Nimepekua picha zote za mwekundu wa mwaka jana. Kwenye picha moja ameshika tawi na mguu wa kushoto unaonekana nusu. Kidole kama kimepinda. Au ni jani. Nimeikuza mpaka imekuwa vumbi.

#44 Fundi_Darubini
Weka hiyo picha hapa ndugu yangu! Nilisema tangu #2.

#45 KisimaChaNyika
Kidole kwenye picha ya vumbi si ushahidi, Fundi.

#46 MchoraNdege
Nimeiangalia, amenitumia. Kwa haki kabisa, sioni. Inaweza kuwa kidole, inaweza kuwa kikonyo cha jani la mkuyu. Rangi ya mguu na ya kikonyo zimekaribiana.

#47 Daktari_wa_Miti
Njia ya kumaliza ubishi huu ni moja, pete ya rangi mguuni. Si jambo la mtu kujifanyia nyumbani, lina kibali na mafunzo yake. Lakini uko karibu na mahali penye historia ya kazi hiyo: pale Ngulia, Tsavo Magharibi, ndege wanaohama wamekuwa wakivishwa pete tangu 1969. Waandikie wataalamu wa ndege wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya, uwaeleze ulichotueleza sisi. Miaka mitatu ya kumbukumbu za mti mmoja si kitu kidogo.

#48 MwanaKibwezi
Nitaandika. Asante daktari.

#49 Mwl_Viumbe
Na uweke tarehe ya kila picha, hata zile mbovu. Mwakani akirudi mwekundu, sote tutaanza upya.

#50 MwanaKibwezi
Makinda yametoka leo asubuhi, saa moja kasoro. La kwanza liliruka hadi kwenye mgunga, la pili lilibaki ukingoni likitetemeka mpaka jike akaja na mdudu akasimama naye tawi la pili, hampi. Likaruka. Yote mawili ni ya kutu, vimkia vifupi kama kidole gumba.

Mweupe alikuwa kwenye waya wa uzio, anakoroma "zwii-zwee" kwa paka wa jirani. Unyoya mmoja wa mkia umeshaanguka, nimeuokota chini ya mkuyu. Mweupe wote, ila kwenye shina kabisa, sehemu iliyokuwa ndani ya mwili, kuna kidoa cha kutu kisichozidi punje ya mtama.

#51 Fundi_Darubini
Kidoa cha kutu?

#52 MchoraNdege
Usiuoshe. Uweke kwenye bahasha ya karatasi, si ya plastiki, na uandike tarehe. Nakuja Jumamosi.